Edwina Booth na Treni Iliyopita Ukambani

Mwaka 1929 treni ya abiria ilikuwa ikitoka Mombasa alasiri na kuingia Nairobi kesho yake. Usiku ilipita Voi na Tsavo, ikaacha nyuma Mtito Andei, Kibwezi na Makindu, na kulipokucha abiria wa daraja la kwanza walikuwa dirishani wakihesabu punda milia na twiga. Stesheni hizo tatu za mwisho leo zimo katika Kaunti ya Makueni. Makindu palikuwa na hekalu la Masingasinga lililojengwa mwaka 1926 na watu wa reli, na Kibwezi mashamba ya katani. Ng'ambo ya mto Athi, upande wa mashariki, ilianza nchi ya Kitui ambayo reli haikuigusa kabisa.

Mwaka huo reli hiyo ilibeba kundi la watu wa sinema kutoka Hollywood. Walikuwa na mwongozaji, wapiga picha, mafundi, masanduku ya kamera na dawa, na waigizaji wachache. Mmoja wao alikuwa msichana wa miaka 24 aitwaye Edwina Booth. Alikuwa hajacheza bado sehemu yoyote ya maana. Alikuja kuigiza mungu wa kike wa kabila la Kiafrika lisilokuwepo, katika filamu iliyoitwa Trader Horn. Mwaka 1932 ulipokwisha, kazi yake ya uigizaji nayo ilikuwa imekwisha.

Wamarekani wameisimulia habari hii mara nyingi kama kisa cha mrembo aliyeponzwa na Afrika. Mimi naisimulia nikiwa upande huu wa reli, kwa sababu kutoka hapa inaonekana vingine. Edwina hakuponzwa na Afrika. Aliponzwa na kampuni iliyomleta, na haikumponza yeye peke yake.

Filamu yenyewe ilihusu biashara ya pembe za ndovu. Mwaka 1927 kilikuwa kimechapishwa kitabu cha mzee mmoja Mwingereza, Alfred Aloysius Horn, aliyekuwa mchuuzi wa vyungu na vyombo vidogo vya chuma huko Johannesburg alipokutana na mwandishi Ethelreda Lewis. Mzee alisimulia ujana wake katika biashara ya pembe na mpira kwenye mto Ogowe, nchi ambayo leo ni Gabon, na Ethelreda akaandika. Kitabu kiliuzwa mno Marekani. Kampuni ya MGM ikanunua haki yake, halafu ikaamua kwamba mambo yaliyotokea pwani ya magharibi yapigwe picha mashariki: Kenya, Uganda, Tanganyika na Kongo ya Wabelgiji. Kwa wakubwa wa studio Afrika ilikuwa moja tu. Mashariki kulikuwa na reli, hoteli, wawindaji wazungu wa kukodishwa na wanyama wengi karibu na barabara, na hayo yaliwatosha.

Kinachonishangaza ni kwamba treni yao ilipita kando ya nchi ya wafanyabiashara wa pembe wa kweli. Karibu miaka 80 kabla ya hapo, Kitui kulikuwa na Kivoi wa Mwendwa, Mkamba aliyepeleka misafara mikubwa ya pembe hadi Mombasa na kurudi na nguo, shanga na shaba. Mmisionari Johann Ludwig Krapf alifika kwake mwaka 1849, na ni kutoka Kitui, tarehe 3 Desemba mwaka huo, alipouona Mlima Kenya ukiwa na theluji kileleni. Kivoi ndiye aliyekuwa amemweleza habari za mlima huo. Mwaka 1851 Kivoi aliuawa katika shambulio njiani kuelekea mto Tana, Krapf akiwa naye, na yule mmisionari akanusurika kwa shida, akirudi kwa miguu huku akiwa na kiu kali. Hicho ni kisa ambacho mwandishi yeyote wa filamu angekitamani: mfanyabiashara tajiri, mgeni mwenye biblia, mto, shambulio, kifo. Hakikumfikia mtu wa Hollywood. Au kama kilimfikia, shujaa wake hakuwa wa rangi iliyotafutwa.

Basi turudi kwa msichana.

Jina alilopewa na wazazi lilikuwa Josephine Constance Woodruff. Alizaliwa tarehe 13 Septemba 1904 katika mji wa Provo, jimbo la Utah, katika familia ya Wamormoni. Baba yake alikuwa daktari. Tangu utotoni afya yake ilikuwa dhaifu, na sukari ya mwilini ilikuwa ikimshuka hata akakosa nguvu. Nasisitiza jambo hili kwa sababu waliomchagua kwenda kukaa miezi kadhaa katika nchi ya malaria na mbung'o wangeweza kulijua kwa kuuliza tu. Familia ilihamia California alipokuwa kijana, na huko akaanza kucheza katika maigizo ya jukwaani. Akajiita Edwina Booth, jina lililomkumbusha kila Mmarekani yule mwigizaji mkubwa wa karne ya 19, Edwin Booth.

Sinema aliingia mwaka 1928. Alipata sehemu ndogo ndogo, zile ambazo mtazamaji akipepesa macho hamwoni. Mwaka uliofuata MGM ilitafuta msichana wa kucheza Nina, binti wa mmisionari aliyepotea utotoni na kulelewa na kabila la msituni hadi akawa malkia wao anayeabudiwa. Sharti lilikuwa nywele za dhahabu na mwili wa kuvutia kamera, kwa maana nguo zingekuwa kidogo sana. Tena ilihitajika mtu atakayekubali kusafiri. Mwigizaji mwenye jina na mkataba mnono hakuwa na sababu ya kwenda kulala hemani Murchison, Uganda. Msichana asiyejulikana alikuwa nayo.

Mwongozaji alikuwa W. S. Van Dyke, mtu mkakamavu aliyependa kupiga picha haraka na kuendelea mbele. Mwaka mmoja kabla alikuwa ametoka visiwa vya bahari ya Pasifiki na filamu iliyomtajirisha kwa sifa, na mpiga picha wake, Clyde De Vinna, alikuja kushinda Oscar kwa kazi hiyo hiyo. Harry Carey, mkongwe wa filamu za wachunga ng'ombe, alikuwa Horn. Duncan Renaldo alikuwa Peru, kijana anayeandamana na Horn na hatimaye kumpenda Nina. Mke wa Carey, Olive, alicheza mama yake Nina, mmisionari anayemtafuta mwanawe. Horn na Peru wanampata msichana huyo, anawaokoa wasiuawe, wanakimbia pamoja. Hadithi yenyewe ni hiyo tu. Iliyobaki ni simba, viboko, maporomoko ya maji na ngoma.

Safari ya meli ndiyo iliyoanza kumvunja Edwina. Katika madai aliyoyapeleka mahakamani baadaye alisema alilazimishwa kuota jua uchi juu ya sitaha muda mrefu, siku baada ya siku, ili ngozi yake ifanane na ya mtu aliyekulia porini. Mwanamke mweupe wa Utah, jua la ikweta, na amri ya mwajiri. Kisha walipofika bara hakupewa mavazi ya kumkinga, kwa kuwa vazi la Nina lilikuwa manyoya machache kiunoni na nywele ndefu zilizoshushwa kifuani. Aliingia katika majani ya tembo yenye makali kama wembe akiwa nusu uchi. Alipigwa na jua. Alianguka kutoka mtini. Alipata malaria.

Wakati huo kwinini ilikuwa dawa ya kawaida na vyandarua vilikuwepo. Wazungu walioishi Kenya walijua kabisa namna ya kujikinga: nguo za mikono mirefu jioni, chandarua, kidonge kila siku. Lakini vazi la Nina halikuwa na mikono, na jua likitua kamera ikihitaji mwanga wa moto wa kambi, Nina alibaki pale pale akingoja zamu yake. Naliona hili kuwa kosa la kazini, la aina ambayo leo lingeitwa kwa jina lake mbele ya afisa wa leba.

Msafara ulifika Murchison, pale Nile inapojibana katika ufa wa mwamba na kuporomoka kwenda Ziwa Albert. Ng'ambo hiyo ya Uganda ilikuwa imehamishwa watu miaka iliyotangulia kwa sababu ya ugonjwa wa malale, na ndiyo sababu wanyama walikuwa wengi. De Vinna, ambaye alikuwa mpenzi wa redio, alifunga mitambo yake kambini akawa anawasiliana na Nairobi kwa mawimbi mafupi. Mbele ya kambi hizo walikuwa wawindaji wazungu waliolipwa kuwalinda wageni, na nyuma yao walikuwa mamia ya Waafrika: wapagazi, wapishi, madereva, wabeba bunduki, wacheza ngoma, na watu wa vijiji walioitwa kujaza picha.

Hapa lazima niseme kidogo kuhusu kazi ya safari na watu wa Ukambani. Wawindaji wazungu wa Kenya waliwategemea Wakamba tangu mwanzo. Upinde wa Mkamba na mshale wenye sumu vilikuwa vimewalisha watu wa Kitui na Makueni kwa vizazi, na mtu aliyekua akifuata nyayo za paa kwenye mchanga wa Kibwezi au Ikutha hakuhitaji kufundishwa na mtu aliyetoka Kent jinsi ya kumtafuta mnyama. Ernest Hemingway alipokuja kuwinda mwaka 1933, aliyembebea bunduki alikuwa Mkamba, na yeye akamwandika kwa heshima kubwa. Lakini kazi hiyo haikuwa ya kupenda tu. Kulikuwa na kodi ya kibanda na ya kichwa. Kulikuwa na kipande shingoni, ndani ya kikasha cha bati, tangu mwanzo wa miaka ya 1920. Na mwaka 1928 nzige wa jangwani walikuwa wameivamia Kenya, wakaendelea mwaka 1929, mvua nazo zikawa haba. Mwanamume wa Ukambani aliyetoka nyumbani mwaka huo kwenda kubeba mzigo wa mzungu alikuwa ameacha ghala tupu.

Ndipo tunafika kwenye jambo linaloniuma zaidi katika habari yote hii. Maelezo ya utengenezaji wa Trader Horn yanataja Waafrika wawili waliokufa kazini. Mmoja alianguka mtoni akaliwa na mamba. Mwingine aliuawa na kifaru aliyekuwa akishambulia, kamera ikiwa inazunguka, na inaelezwa kwamba picha hiyo iliingizwa kwenye filamu. Watu walinunua tikiti Chicago na London wakatazama kifo cha kibarua mmoja wa Afrika Mashariki wakidhani ni ujanja wa sinema. Jina lake halimo katika orodha ya waigizaji. Jina la Edwina limo, na la Carey, na la Renaldo. Waandishi wakitaja vifo hivyo huvitaja kwa sentensi moja, kama kielelezo cha jinsi kazi ilivyokuwa ngumu kwa kampuni.

Mwafrika aliyetajwa ni mmoja: Mutia Omoolu. Alicheza Rencharo, mbeba bunduki wa Horn. Mutia ni jina ambalo ukiliita leo sokoni Wote au Kitui mjini, wanaume kadhaa watageuka. Hakuwa mwigizaji wa jukwaani. Aliajiriwa katika msafara, na Van Dyke akaona kwamba uso wake unakubaliwa na kamera. Ukiitazama filamu hiyo leo, ukavumilia upuuzi wote wa malkia mweupe na makabila ya kubuni, utamwona Mutia akisimama kimya nyuma ya Carey, macho yakifuata kila kitu, na utaona kwamba ni yeye na Carey tu ambao hawajifanyi. Rencharo anakufa akimlinda bwana wake, kama walivyokufa wabeba bunduki wote katika hadithi za namna hiyo. Horn anamlilia. Ni mahali pekee katika filamu nzima ambapo nimewahi kuguswa.

Tatizo jingine lilikuwa sauti. Sinema ya kwanza ndefu yenye mazungumzo ilikuwa imetoka mwaka 1927, na kufikia mwaka 1929 hakuna aliyetaka tena sinema bubu. Msafara ulikuwa umeondoka Marekani kwa ajili ya picha bila maneno. Katikati ya kazi studio ikaamua kutuma vyombo vya kunasa sauti. Vyombo hivyo vilikuwa vizito, vinaharibiwa na joto na vumbi, na mafundi wake walikuwa hawajawahi kuvitumia nje ya chumba kilichozibwa. Waliporudi California, wakubwa wa MGM waliona kwamba mazungumzo mengi hayafai na hadithi haishikani. Ilibidi kupiga upya sehemu kubwa, nyingine katika viwanja vya studio na nyingine Mexico.

Kwa sababu hiyo Mutia Omoolu alipelekwa Hollywood, pamoja na mwenzake Riano Lindami. Fikiria hilo. Mwaka ambao Mwafrika wa Kenya hakuruhusiwa kutembea Nairobi bila kipande, hakuwa na kura, na filamu nyingi za wazungu zilizuiwa na wakaguzi zisionyeshwe kwake, wanaume wawili kutoka Afrika Mashariki walivuka Atlantiki kwenda kujiigiza wenyewe katika msitu wa kutengenezwa nyuma ya mji wa Los Angeles. Magazeti ya Marekani yaliwaandika kama vichekesho, watu wa porini wakishangaa majengo. Kazi walifanya. Kisha walirudishwa nyumbani.

Filamu ilitoka mapema mwaka 1931 na ikavuma. Ilikuwa imegharimu zaidi ya dola milioni 1, fedha nyingi mno kwa wakati wa mdororo wa uchumi, na ikarudisha gharama na faida juu yake. Iliteuliwa kuwania Oscar ya filamu bora ya mwaka, ikashindwa na Cimarron. Ilitangazwa kuwa filamu kubwa ya hadithi ya kwanza ya enzi ya sauti kupigwa picha Afrika, na watu walikwenda kuona wanyama. Picha za Edwina, nywele zikiwa zimefunika kifua, zilibandikwa kila mji.

Wakati picha hizo zinabandikwa, mwenye sura alikuwa mgonjwa. MGM haikumpa filamu nyingine. Inafaa kulifikiria jambo hilo taratibu: msichana ambaye uso wake ulikuwa ukiuza filamu iliyowania Oscar hakuitwa tena katika studio iliyoitengeneza. Alikwenda kwa kampuni ndogo ya Mascot, iliyotengeneza sinema za vipande vipande, zile zilizoonyeshwa kila Jumamosi kwa watoto na kuishia mahali pa hatari ili warudi wiki ijayo. Alicheza mbili akiwa na Harry Carey, The Vanishing Legion mwaka 1931 na The Last of the Mohicans mwaka 1932, na filamu nyingine mbili tatu za bei ya chini. Hizo za kila wiki ndizo zilizokuwa karibu kabisa na kile kilichokuja kuitwa tamthilia ya televisheni, kwa urefu, kwa haraka ya utengenezaji na kwa mtindo wa kumwacha mtazamaji roho juu. Alizicheza huku mwili unamwishia.

Mikosi haikuja mmoja mmoja. Mke wa Duncan Renaldo alimshtaki Edwina kwamba amemharibia ndoa. Renaldo mwenyewe alishtakiwa na serikali ya Marekani kwa kudanganya kuhusu mahali alipozaliwa alipochukua pasipoti ya kusafiria kuja kwetu, akafungwa, na baadaye akasamehewa na Rais Franklin Roosevelt. Safari ya Afrika Mashariki ilikuwa imegeuka ushahidi mahakamani mara tatu, kwa sababu Edwina naye aliishtaki MGM. Alidai zaidi ya dola milioni 1 kwa jinsi alivyonyimwa kinga, alivyoachwa juani bila nguo na alivyoharibiwa afya. Kesi ilikwisha kwa makubaliano nje ya mahakama, kwa kiasi kidogo sana kuliko alichodai.

Alilala kitandani miaka. Mwanga ulimuumiza, akawekwa katika chumba chenye giza, akiuguzwa na familia yake. Alipelekwa Ulaya kutafuta tiba. Magazeti yalitangaza mara kadhaa kwamba anakufa, na watu wengi wakaamini amekwisha kufa. Uvumi huo ulikuwa mzuri kwa biashara: filamu ya msitu uliomuua nyota wake. Ndivyo Afrika ilivyopata lawama. Malaria ilitokana na mbu, hilo ni kweli, lakini mbu hakuandika mkataba wala hakukata vazi la manyoya.

Hakufa. Nadhani hii ndiyo sehemu ya maisha yake ambayo ingestahili filamu, na haijapata. Polepole alipona. Akarudi katika dini ya wazazi wake kwa moyo wote. Aliolewa mwaka 1951 na Urial Leo Higham, ambaye alifariki mwaka 1957, kisha mwaka 1959 akaolewa na Reinold Fehlberg. Miaka mingi alifanya kazi katika hekalu la Wamormoni la Los Angeles, lililofunguliwa mwaka 1956, na waumini wenzake walimjua kwa majina ya waume zake. Hakuwa mtu wa kusimulia habari za sinema. Barua za mashabiki ziliendelea kumfikia hadi uzeeni, kutoka kwa watu waliokuwa watoto mwaka 1931.

Wengine waliendelea mbele. Van Dyke alichukua mabaki ya picha alizopiga Afrika Mashariki akazitia katika Tarzan the Ape Man ya mwaka 1932, akiwa na Johnny Weissmuller aliyeogelea katika maji ya California. Picha hizo zikatumika tena na tena. Kwa hiyo ule mto wa Uganda, na wanyama wale, na pengine watu wale wa nyuma ya kamera, vilizaa Tarzan wa sinema ambaye watoto wa Kenya walikuja kumshangilia miaka ya baadaye katika kumbi za Nairobi na Machakos bila kujua kwamba nusu ya msitu wake ulitoka kwa jirani. Renaldo naye alipata televisheni. Kuanzia mwaka 1950 hadi 1956 aliigiza Cisco Kid, mmoja wa mashujaa wa kwanza wa televisheni ya Marekani, tamthilia iliyopigwa kwa rangi wakati karibu kila mtu alikuwa na seti ya nyeusi na nyeupe. Mwenzake Edwina, aliyetajwa naye katika kesi na magazeti yale yale, alikuwa akihudumu hekaluni.

Televisheni ilifika Kenya mwaka 1962, mwaka mmoja hivi kabla ya uhuru. Kitui na maeneo ambayo leo ni Makueni yalingoja sana kuliko Nairobi, maana televisheni inataka umeme. Kwa miaka mingi picha zinazotembea zilifika vijijini kwa gari la sinema ya serikali, shuka jeupe likatundikwa uwanjani, jenereta ikaunguruma, watoto wakaketi mchangani. Filamu zilikuwa za kufundisha kulima matuta na kuchimba choo. Mwanamke wa Ukambani aliyetamani kuigiza alikuwa na ngoma za kwao, kwaya ya kanisa na tamasha la shule, na ilimbidi apande basi kwenda Nairobi kama alitaka zaidi. Wengi walipanda. Baadhi walionekana katika vipindi viwili vitatu, wakarudi nyumbani, na majirani huwakumbuka kwa jina la mhusika. Kwa hao nina huruma ile ile niliyo nayo kwa Edwina, na ghadhabu ile ile kwa kazi inayomtumia mtu msimu mmoja kisha ikamwacha ajitibu mwenyewe.

Mwaka 1973 MGM ilitengeneza Trader Horn nyingine. Safari hii hawakumleta mtu. Waliipiga California, wakachomekea picha za zamani za wanyama pale walipohitaji Afrika. Haikuvuma.

Van Dyke alifariki mwaka 1943, Carey mwaka 1947, Renaldo mwaka 1980. Edwina aliwazidi wote. Alifariki tarehe 18 Mei 1991 huko Long Beach, California, akiwa na miaka 86. Matangazo ya kifo chake yalirudia habari ya malaria, jua na kesi, na baadhi ya wasomaji walishangaa kwamba alikuwa hai muda wote huo. Filamu bado inapatikana kwa anayeitafuta. Inachukua saa mbili. Atakayeitazama akiwa Kitui au Makueni asiishie kwa mungu wa kike mwenye nywele za dhahabu: amtazame Mutia, na kifaru anapotokea, amtazame mtu aliyesimama mbele yake.